Kisogo cha Milo

Dorrance, Nebraska
4 Februari 1951

Mwanangu Ardith,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Sisi hatujambo, isipokuwa goti la baba yako, linalomsumbua kila theluji ikizidi na yeye anakana. Wewe je, unakula? Milo ameniandikia kwamba ukiingia kwenye hicho chumba chako asubuhi na sandwichi, unatoka nayo jioni. Mwanamke wa miaka thelathini na tatu hafai kukumbushwa kula na mdogo wake.

Sasa nieleze vizuri, maana Milo akifurahi huandika kama mtu anayekimbizwa. Ni kweli amepata sehemu kwenye filamu, si ya kupita tu nyuma na trei, bali ya kusema? Na ni kweli filamu hiyo unaikata wewe? Nilisoma barua mara tatu, kisha nikampelekea Bwana Pospisil wa sinema. Ameshaapa kuileta Dorrance mara itakapotoka, na ataandika jina la Milo mlangoni kwa herufi kubwa. Baba yako naye Jumamosi alikwenda mjini peke yake akarudi na suti. Suti, Ardith. Hata harusi ya binamu yako alikwenda na koti la kanisani.

Watu wananiuliza kazi yako ni nini hasa. Nawaambia unashona filamu. Kama nimekosea nirekebishe. Ila mwangalie mdogo wako. Miaka sita ya kuegesha magari ya watu wengine inatosha. Usimwache aonekane kidogo.

Mama yako

*

Hollywood
15 Februari 1951

Mama mpenzi,

Nimefurahi kusikia hamjambo, na baba nampa pole ya goti ingawa mwenyewe hataki. Mimi mzima, na ninakula. Milo ni mwongo, huwa narudi na nusu tu.

Usiwaambie watu nashona, watanitumia suruali. Iko hivi. Mwongozaji hupiga picha maongezi yale yale mara nyingi: mara kwa mbali, mara kwa karibu, mara uso wa huyu, mara uso wa yule. Yote hayo huletwa kwangu, mikanda na mikanda, nami nachagua kipi kibaki na kiishie wapi, kisha naviunga. Nikifanya vizuri, mtazamaji hajui kama nipo duniani. Ndiyo maana huwezi kuwaeleza watu wa Dorrance, hata hapa hawaelewi.

Unakumbuka nilikuja hapa na miaka kumi na tisa, nikawekwa chini kabisa pamoja na wasichana wengine, glavu nyeupe mikononi, kuunga vipande vilivyokatika. Baadaye miaka mingi nikakaa nyuma ya Bwana Haskell, mhariri mkuu, nikimkatia, yeye akisaini. Mwaka jana Bwana Haskell alipooza upande mmoja, na bosi wetu Bwana Feld akaniita akaniambia, "Jaribu wewe, bibie. Ukishindwa tutatafuta mwanamume." Kwa hiyo jina la mhariri litakalotokea kwenye filamu hii ni langu, peke yake, mara ya kwanza. Nakwambia hivi usije ukadhani nashughulika na ya Milo tu.

Na sehemu ya Milo, ndiyo, ni ya kweli. Nilimwomba mwongozaji, Bwana Rusk, amwone, akampenda. Anacheza askari anayekwenda kumweleza mjane jinsi mumewe alivyokufa vitani. Mjane ni Constance Vale mwenyewe. Ni dakika nne, wawili tu chumbani, na filamu nzima inategemea pale. Amejitahidi sana, mama. Wiki ijayo tunaipeleka kwenye onyesho la majaribio, mji wa mbali kidogo wa wakulima wa machungwa, tuone watu wa kawaida watasemaje.

Msalimie baba. Mwambie suti asiifungue bado.

Mwanao, Ardith

*

Hollywood
26 Februari 1951

Mama,

Sikungoja jibu lako. Natumaini mko salama. Mimi sina raha hata kidogo.

Walicheka. Onyesho lilikuwa likienda vizuri, ukumbi umejaa, watu wametulia. Akaingia Milo. Alipoanza kueleza, mwanamke aliyekaa nyuma yangu akaguna, kisha mvulana mmoja akacheka, na Milo alipofika pale pa kulia ukumbi mzima ukaangua kicheko. Walikuwa watu wema tu waliokuja na watoto wao, hawakukusudia ubaya. Nilikaa nimeshika kiti. Nilitamani niinuke nisimame mbele ya skrini.

Tatizo ni uso wake, mama. Kwenye skrini uso ni mkubwa kama ukuta wa ghala, ukipepesa jicho tu watu wameona. Uso wa Milo ulikuwa ukifanya kazi ya watu watatu. Nililiona tangu mapema, nikajidanganya kwamba ni mimi tu dada yake ninayeona.

Pale nje, watu wakiandika maoni yao kwenye vikadi, Bwana Feld alinivuta kando akasema askari yule aondoke. Akiondoka hadithi inabaki haina maana, mjane anaanza kulia bila sababu. Kwa hiyo njia ni mbili. Wamlete mwigizaji mwingine asubuhi moja wampige picha upya, na Milo afutwe kabisa, asibaki hata kivuli. Au mimi nijaribu jambo moja: niache maneno ya Milo yaendelee, lakini picha iwe ya Constance akiyasikiliza. Yeye hafanyi kitu, anasikiliza tu. Na sauti ya Milo, ukifumba macho, inakupasua moyo. Nimeijaribu usiku huu kwenye mashine, kidogo tu.

Nikifanya hivyo atabaki kwenye filamu, na jina lake litabaki. Lakini hataonekana. Kisogo chake, sikio la kushoto, na mkono unaozungusha kofia. Ndiyo yote.

Hapa kuna desturi kwamba mwigizaji haambiwi kinachotokea chumba cha kukatia. Ukimwambia mmoja, kesho wote wako mlangoni wanalia. Bwana Feld amenikumbusha hilo huku akinitazama sana. Nifanyeje? Najua kabla barua yako haijafika nitakuwa nimeshaamua, lakini nakuuliza hivyo hivyo.

Mwanao, Ardith

*

Dorrance
2 Machi 1951

Ardith,

Hatujambo. Sina salamu nyingine leo.

Walicheka vipi? Watu gani wanaomcheka mwanamume akilia? Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama jikoni, nikaunguza viazi, nikamkaripia baba yako bure.

Kisha nikakaa, nikajiuliza jambo ambalo hukuliandika. Je, alikuwa akiinua nyusi? Akifungua mdomo kwanza, kisha ndiyo maneno yanatoka? Najua alifanya hivyo, kwa sababu nilimfundisha mimi. Michezo yote ile ya Pasaka kanisani, taa zenyewe mbili, nami nikisimama mlangoni nikimpigia kelele: uso wako ufike viti vya nyuma, Milo, kwa Bibi Sedlak asiyeona vizuri. Na ulikuwa unafika. Watu walilia hapa, Ardith. Hakuna aliyecheka. Wewe ulikuwepo, ulikuwa unashika pazia.

Kama kuna wa kulaumiwa basi ni mimi, waambie hao mabosi. Lakini usimfanyie hilo. Nilimsomea baba yako barua yako, sehemu ile ya kisogo. Akasema, "Mwambie amwachie mtoto uso wake." Unajua baba yako akisema neno amelifikiria.

Ni afadhali afutwe kabisa na aambiwe ukweli, kuliko kuwekwa pale kichwa kimegeuzwa kama mtoto aliyepewa adhabu. Tafadhali.

Mama yako

*

Hollywood
9 Machi 1951

Mama mpenzi,

Barua yako nimeipata Alhamisi. Nilikuwa nimemaliza Jumanne.

Nimeisoma mara nyingi na sina la kujitetea isipokuwa kukueleza ilivyotokea. Bwana Feld alikuwa ameshampigia simu mwigizaji mwingine. Nilimwomba siku tatu. Nikakaa na mikanda ya Constance na sauti ya Milo, na mama, sijui nisemeje, ilikuwa kazi nzuri kuliko zote nilizowahi kufanya. Kila aliposema neno, uso wa yule mwanamke ulikuwa na jibu lake. Nilisahau kwamba ni Milo. Ndilo linaloniuma: kuna saa nzima nilisahau ni mdogo wangu, nikawa nakata tu.

Tukarudi kule kwenye machungwa. Safari hii hakuna aliyeguna. Nilisikia watu wakitafuta vitambaa vya kufutia machozi. Bwana Feld amenipa mkono, na amenipa filamu nyingine mbili.

Milo hajui. Uzinduzi ni mwezi wa tano na amewaalika marafiki zake wote wa kuegesha magari. Amenunua viatu. Nitamwambia mwenyewe, wiki hii. Nakuomba usimwandikie kabla yangu. Na ile ya nyusi, ulifundisha vizuri kwa ukumbi uliokuwa nao.

Mwanao, Ardith

*

Dorrance
20 Aprili 1951

Ardith,

Sisi wazima, mvua imenyesha vizuri, ng'ombe mmoja amezaa mapacha.

Umemwambia? Naona kwenye barua yake ya Jumatatu hujamwambia, maana ananiuliza kama Bwana Pospisil ataweza kumhifadhia tangazo lenye jina lake. Ameshalibandika, tena. MILO KOLAR WA DORRANCE, juu ya jina la Constance Vale. Herufi za K zilimwishia, akachonga moja kwa mbao. Kila nikienda dukani mtu ananishika mkono. Mimi natabasamu na kujisikia mwizi.

Umeniingiza kwenye siri ambayo sikuitaka. Mwambie.

Mama yako

*

Hollywood
19 Mei 1951

Mama,

Natumaini hamjambo. Nakuandikia kabla hujasikia kwa mwingine.

Sikumwambia. Kila Jumapili alipokuja kula nilianza, naye akaanza kunisimulia jinsi alivyovaa ile kofia, nami nikashindwa. Juzi usiku ulikuwa uzinduzi. Alikaa safu ya mbele yangu na rafiki zake, nywele zimenyolewa vizuri. Sehemu yake ilipofika aliinuka kidogo kitini. Kwenye skrini kulikuwa na kisogo chake na chini yake, mbele yangu, kisogo chake mwenyewe, na nikakiona kinakakamaa. Rafiki zake walimtazama, kisha wakaacha kumtazama. Watu wengine wote walikuwa wanalia.

Nilimkuta nje, upande wa magari. Hakuwa na hasira, ndiyo ilikuwa mbaya zaidi. Akaniuliza, "Dada, nilikuwa mbaya kiasi hicho?"

Nikamwambia alikuwa mzuri, kwamba sauti yake ndiyo iliyowaliza watu wote wale.

"Sikukuuliza sauti."

Nikamweleza. Kicheko, Bwana Feld, yule mwigizaji mwingine, siku tatu. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza nani mwingine alijua. Nilifikiria kusema uongo, mama, lakini nilikuwa nimeshauchelewesha ukweli vya kutosha. Nikasema, "Mama na baba."

Akacheka kidogo. Akasema, "Kumbe nyumba nzima. Mgeni nilikuwa mimi." Akampa mmoja wa rafiki zake funguo za gari, akaondoka kwa miguu.

Jana nilikwenda anakoishi. Mwenye nyumba anasema amelipa, amehama, hakuacha anwani. Kule mgahawani alikokuwa akiegesha magari hawajamwona. Magazeti ya leo yanamsifu Constance, na mawili yametaja uhariri. Sijayamaliza kuyasoma. Akiwaandikia, tafadhali nijulishe, hata kama atawakataza.

Mwanao, Ardith

*

Dorrance
14 Oktoba 1951

Ardith,

Nimechelewa kujibu. Nilikuwa nakasirika, na barua za hasira nimeziandika kadhaa nikazitia jikoni motoni. Hatujambo. Mahindi yamevunwa. Milo hajaandika.

Filamu imefika hapa. Nilimsihi Bwana Pospisil aliondoe lile tangazo, hakunielewa, akadhani ninaona haya. Basi tukaenda. Baba yako alivaa suti. Mji mzima ulikuwepo, hata mchungaji, ambaye sinema huisema vibaya madhabahuni. Mlango ulipofunguka kwenye skrini, askari akaingia, watu waliupigia makofi mgongo wake. Kisha wakangoja ageuke.

Nilijua hatageuka na bado niliinama pembeni kitini, kana kwamba nikikaa vizuri nitamwona. Nimekiosha kile kisogo miaka mingi, Ardith, ningekijua popote. Bibi Sedlak, ambaye sasa haoni kabisa, alikuwa analia kabla ya wote. Sehemu ikaisha, na mama mmoja nyuma yetu akauliza kwa nguvu, "Milo alikuwa yupi?"

Baba yako akageuka na suti yake. Akamwambia, "Huyo uliyemsikia." Kisha akatoka nje, akanisubiri barazani mpaka mwisho.

Nitakwambia jambo kwa sababu sijawahi kukudanganya. Nilimsikia Milo akisema yale maneno, nami nilimwamini. Kanisani sikuwahi kumwamini, nilikuwa namwonea fahari tu. Ulifanya kazi nzuri, na sijakusamehe. Yote mawili ni kweli na sijui nifanye nini nayo.

Mama yako

*

Hollywood
17 Februari 1952

Mama mpenzi,

Nimekuandikia Krismasi na mwaka mpya, hukujibu, wala sikulaumu. Natumaini wewe na baba mko na afya na kwamba goti halijazidi.

Wamenitaja miongoni mwa wanaowania tuzo za mwaka huu, kwa uhariri. Tuko watano, mwanamke mimi peke yangu. Bwana Haskell, ambaye hawezi tena kusema vizuri, alimtuma mkewe aniletee maua. Chumbani kwetu walinipigia makofi. Nilikwenda kujifungia kwenye ghala la mikanda, nikalia, wakadhani ni furaha. Sehemu wanayoisifu ni ile ile. Wameanza hata kuitumia kuwafundisha vijana wanaoanza kazi: mwonyesheni anayesikiliza, msimwonyeshe anayesema.

Nimemtafuta Milo kwa watu wote niliowajua. Barua nilizopeleka San Francisco, ambako mtu alisema amemwona, zimerudi. Sasa ninakata filamu nyingine, na kila mwigizaji mdogo akitokea nauliza ana ndugu wangapi. Wasaidizi wangu wananiona nimeanza kuzeeka vibaya.

Ungeniuliza kama ningefanya tena, nadhani ningefanya. Ila ningemwambia kwanza, siku ile ile, desturi ya studio na ife. Hilo tu ndilo ninalolijua kwa hakika. Natamani kuja nyumbani na naogopa kuuliza kama ninakaribishwa.

Mwanao, Ardith

*

Dorrance
23 Novemba 1952

Mwanangu Ardith,

Salamu kutoka kwetu. Mimi ni mzima. Baba yako aliugua kifua tangu kiangazi, sasa ana nafuu, lakini mashamba tumemkodisha kijana wa jirani yetu Vosika, naye baba yako huenda kumsimamia kila siku na kumchosha.

Tuzo nilisoma gazetini kwamba alipewa mwingine. Nilikasirika siku nzima, ndipo nikajua hasira ya zamani imepungua.

Sikukuandikia mapema kwa sababu nilitaka nihakikishe. Mwezi wa tisa nilikuwa nakanda unga asubuhi, redio imewashwa kwa ajili ya hali ya hewa, kituo cha Omaha. Mtangazaji mpya akaanza kusoma bei ya nguruwe. Nikaacha kukanda. Anajiita Dale Emery. Hakuna mtu mjini anayejua, na anasoma kwa utulivu, kama mtu asiye na haja ya kumfikia yeyote viti vya nyuma. Lakini alipovuta pumzi kabla ya kusema mahindi, nilijua.

Nilimwandikia kupitia kituo. Nilimwambia yote, hata ya nyusi. Nikamwambia umemtafuta. Baada ya wiki tatu alijibu. "Niko salama, mama. Napenda kazi hii. Msije kunitazama kwa sasa." Basi, na jina lake la kweli chini. Omaha ni mwendo wa nusu siku, na baba yako alishawasha gari. Nikamsomea tena barua, akalizima.

Kwa hiyo hatujaenda. Saa kumi na mbili kasoro baba yako anakuwa ameshanyoa ndevu, amekaa mezani. Dale Emery husema, "Hamjambo, wakulima," na baba yako hujibu, "Hatujambo, mwanangu." Kisha anasikiliza bei zote mpaka ya mwisho, na mwaka huu hana hata gunia la kuuza. Hajawahi kuniambia kwa nini anajibu, nami sijamuuliza.

Njoo Krismasi. Chumba chako kipo, nimekitandika. Ila uamke mapema ukae nasi, na ukimsikia usilie kwa sauti. Redio yetu ni ndogo, na baba yako hataki kukosa neno.

Mama yako